Kidole Kimeteguka: Kabla Hujakivuta

Neno "kuteguka" limebeba mambo mawili ambayo hayatibiwi sawa. Kuna kano, zile nyuzi ngumu zinazofunga mfupa kwa mfupa, kuvutika kupita kiasi au kuchanika. Na kuna mfupa kuhama mahali pake. La kwanza mara nyingi hutibika nyumbani, la pili ni la hospitali. Balaa ni pale mtu anaposikia "kimeteguka" akakidaka kidole na kukivuta. Kama kano imechanika nusu, unaimalizia. Kama mfupa umevunjika, unavisogeza vipande.

Cha kwanza ni pete. Ivue sasa hivi, hata kama uvimbe bado. Ikikwama, inua mkono juu dakika 5, paka sabuni au mafuta, kisha izungushe huku ukiisogeza. Ikigoma, na kidole kinavumilia kuguswa, chukua uzi mwembamba. Pitisha ncha yake chini ya pete, itokeze upande wa kiganja. Uzi uliobaki uzungushie kidole kuanzia penye pete kuelekea kucha, mizunguko ikiwa imebanana, mpaka upite kiungo. Sasa vuta ile ncha fupi kuelekea kucha: uzi unafunguka, pete inaufuata. Kidole kikigeuka rangi, usihangaike, pete ikakatwe.

Kisha kagua. Kinachoteguka zaidi ni kiungo cha kati. Maumivu hukaa hapo kwenye kiungo, mara nyingi upande mmoja, pakivimba na pengine kuvilia damu. Maumivu yakiwa katikati ya pingili, mbali na kiungo, shuku mfupa. Kunja vidole vyote polepole: kidole kikipanda juu ya mwenzake, mfupa huenda umevunjika na kuzunguka. Ule msemo kwamba "kinakunjika, basi hakijavunjika" ni uongo mtupu.

Angalia pia ncha. Ikining'inia na isinyooke yenyewe, kano ya kunyoosha, ambayo hii hufunga msuli kwa mfupa, imekatika. Hiyo hufungwa gango, yaani kitu kigumu cha kuishikilia, ikiwa imenyooka wiki 6 hadi 8 bila kukunjwa hata mara moja. Ukiikunja, hesabu inaanza upya. Ncha isiyokunjika kabisa ni ya kuwahi kwa daktari siku hiyo hiyo, maana huenda ikahitaji upasuaji, na kuchelewa huuharibu. Kidole kilichopinda, chenye ganzi, kilichopauka au chenye jeraha wazi nacho kisisubiri. Mtoto apigwe picha mapema, kwa sababu sehemu ya mfupa inayokua ni laini kuliko kano.

Kama hakuna hayo, weka barafu iliyofungwa kwenye kitambaa dakika 15 hadi 20, kila baada ya saa 2 au 3, kwa siku 2 za mwanzo. Mkono ukae juu ya usawa wa moyo. Kukanda kwa maji ya moto na kuchua siku hizo huongeza uvimbe. Kwa maumivu, parasetamoli inatosha: mtu mzima vidonge 1 au 2 vya miligramu 500, visizidi 8 kwa saa 24.

Kukifunga, kitumie kidole jirani kama gango. Cha pete kifungwe na cha mwisho, cha shahada na cha kati. Weka shashi kavu katikati, la sivyo jasho litachubua ngozi. Zungusha plasta mbili nyembamba, moja juu na moja chini ya kiungo kinachouma. Kiungo chenyewe kiache wazi kikunjike. Bonyeza kucha iwe nyeupe, achia: rangi irudi ndani ya sekunde 2. Ikichelewa, umebana mno.

Kosa la watu waangalifu ni kukitunza kupita kiasi. Kiungo cha kati kikilazwa wiki 3 bila kutikisika hukakamaa, na kukilegeza ni kazi kuliko jeraha lenyewe. Maumivu makali yakipungua, kwa kawaida baada ya siku chache, kunja na kunyoosha mara 10, mara 3 au 4 kwa siku, ukiishia pale maumivu yanapoanza kuongezeka.

Kidole gumba kina sheria zake. Kikiuma upande unaotazama kidole cha shahada, na kushika ufunguo au kufungua chupa kukawa kazi, kaonwe na daktari hata kama uvimbe ni mdogo.

Wengi hurudi kazini baada ya wiki chache, ila kiungo kinaweza kubaki kinene kwa miezi kadhaa. Michezoni endelea kukifunga kwa wiki 4 hadi 6.