Mafuta ya taa yanawezaje kuinua roketi?

SWALI: Shikamoo Mwalimu. Nimesoma kwamba Saturn V, roketi iliyowapeleka Wamarekani mwezini, iliondoka ardhini kwa mafuta ya taa. Nyumbani tuna jiko la mafuta ya taa, na sufuria ya maharage inachukua nusu ya siku. Nguvu ile ilitoka wapi? Na roketi zilizokuwa zikirushwa San Marco, hapa kwetu, nazo zilitumia mafuta hayo?
Msomaji wa kidato cha tatu, Malindi

JIBU: Marahaba, mwanangu. Umesoma sawasawa. Hatua ya kwanza ya Saturn V ilikuwa na injini tano za F-1, na zote zilichoma mafuta ya taa, ila yaliyosafishwa zaidi kuliko ya dukani.

Jiko lako linangoja utambi unyonye mafuta, kisha linangoja hewa ije yenyewe, na katika hewa hiyo oksijeni ni kama sehemu moja tu kati ya tano. F-1 ilikuja na oksijeni yake, iliyopozwa hadi nyuzi 183 chini ya sifuri ikawa kimiminika. Kila sekunde injini moja ilimeza karibu kilo 1,800 za oksijeni hiyo na karibu kilo 800 za mafuta. Zidisha kwa tano: ni kama tani 13 kwa sekunde.

Kwangu mimi cha ajabu kuliko vyote ni pampu. Presha ndani ya chumba cha kuchomea ilifika karibu mara 70 ya hewa tunayovuta, na mafuta lazima yaingie humo kwa presha kubwa zaidi, la sivyo hayaingii. Kazi hiyo ilitaka nguvu za farasi 55,000. Pampu ilizungushwa na gurudumu la mapanga, nalo likasukumwa na gesi kutoka chumba kidogo cha pembeni kilichochoma mafuta yale yale. Humo mafuta yalizidishwa makusudi kuliko oksijeni, ili gesi isiwe na joto la kuyeyusha mapanga. Gesi ya namna hiyo hutoka nyeusi kwa masizi, na ilipitishwa kwenye kuta za kengele ya injini, yaani ule mdomo uliopanuka ambamo moto hutokea, sehemu ya chini, izikinge na moto mkali. Tazama filamu ya Saturn V ikiondoka, ukazie macho pale injini inapoishia: kuna ukanda mweusi kabla moto haujang'aa. Ndiyo masizi hayo.

Lakini kilichowakosesha usingizi wahandisi ni kuutuliza moto. Mafuta na oksijeni viliingia kupitia bamba la duara lenye maelfu ya matundu. Moto ukiyumba kidogo, wimbi la presha huanza kuzunguka mbele ya bamba, moto unalichochea, na kabla hujapepesa jicho bamba limeyeyuka. Juni 28, 1962, injini moja iliharibika hivyo kwenye majaribio huko Edwards, jangwani California. NASA na kampuni ya Rocketdyne iliyoziunda wakakusanya kikosi cha kushughulikia tatizo hilo tu, akiwemo Jerry Thomson wa NASA na Paul Castenholz wa Rocketdyne.

Nawaheshimu sana watu hawa kwa njia waliyoishika. Hesabu za wakati ule hazikuweza kutabiri moto utayumba lini, kwa hiyo waliuyumbisha wenyewe: waliweka bomu dogo ndani ya chumba, wakalilipua injini ikiwa inaunguruma, wakapima moto unatulia baada ya muda gani. Wakabadili ukubwa wa matundu na pembe zake, wakasimamisha kuta fupi juu ya bamba ili wimbi likose njia ya kuzunguka, wakalipua tena. Waliendelea hivyo miaka kadhaa, hadi mtikisiko wa bomu ukawa unazimika ndani ya sehemu moja ya kumi ya sekunde. Kati ya 1967 na 1973 Saturn V iliruka mara 13, na F-1 zote 65 zilifanya kazi yake.

Sasa San Marco. Hapana, zile roketi za Scout zilizorushwa kutoka kwenye majukwaa yale ya baharini, pamoja na iliyobeba setilaiti ya Uhuru Desemba 12, 1970, zilitumia mafuta yabisi, yaliyokwisha kuchanganywa na kemikali ya kuyapa oksijeni. Hazikuhitaji pampu wala bamba la matundu, na zilikaa tayari bila kupozwa. Ila mafuta ya aina hiyo yakishawashwa, huna namna ya kuyazima. Yataungua mpaka yaishe.