Maswali ya wasomaji: Ryuichi Sakamoto, mwigizaji na mtunzi

SWALI: Ni kweli Sakamoto alipata Oscar ya muziki kwa filamu aliyoitiwa kuigiza tu?

JIBU: Ni kweli, na filamu yenyewe ni The Last Emperor. Chanzo chake ni mwongozaji filamu Mjapani Nagisa Oshima, aliyemtaka katika filamu nyingine aigize Kapteni Yonoi, mkuu wa kambi ya wafungwa wa vita, akikabiliana na mwanamuziki Mwingereza David Bowie. Wakati huo Sakamoto alifahamika kwa kundi la muziki wa kielektroniki la Yellow Magic Orchestra, lililoanza 1978. Uigizaji wa filamu hakuujua. Alikubali kwa sharti kwamba na muziki atunge yeye. Filamu hiyo, Merry Christmas, Mr. Lawrence, ilitoka 1983, muziki ukampa BAFTA, tuzo ya filamu ya Uingereza. Uigizaji wenyewe ni mkavu, tusifichane, ila ukavu ule unamfaa ofisa anayejizuia kila dakika.

Kisha mwongozaji Mwitaliano Bernardo Bertolucci akamwita China kwa The Last Emperor (1987), aigize Masahiko Amakasu, Mjapani anayemchunga Puyi, mfalme wa mwisho wa China, kule Manchukuo, dola iliyowekwa na Japani kaskazini mashariki mwa China. Mswada ulitaka Amakasu ajipasue tumbo. Sakamoto akakataa katakata, na kwenye filamu anajipiga risasi. (Amakasu halisi alikunywa sumu mwaka 1945.) Upigaji picha ulikwisha muda mrefu ndipo akaombwa muziki, tena kwa haraka: alipewa wiki moja, akaomba mbili. Akafanya kazi Tokyo na London, akichanganya okestra na vyombo vya Kichina kama erhu, fidla ya nyuzi mbili. Alipoitazama filamu iliyokamilika, sehemu kubwa ya muziki wake ilikuwa imekatwa. Hata hivyo Oscar ya 1988 ilikuja, akigawana na watunzi wenzake wa muziki huo, David Byrne na Cong Su.

SWALI: Mbona filamu ya The Revenant haikushindania Oscar ya muziki?

JIBU: Muziki ule wa 2015 ulikuwa wa Sakamoto na mwanamuziki Mjerumani Alva Noto, pamoja na nyongeza za Mmarekani Bryce Dessner. Waandaaji wa Oscar waliuengua kwa sababu umeunganishwa kutoka kwa watunzi kadhaa. Golden Globe na BAFTA waliuteua bila shida.

SWALI: Napiga wimbo mkuu wa Merry Christmas, Mr. Lawrence kwenye kinanda cha vibonyezo 61. Kwa nini unavurugika?

JIBU: Kwanza pedali ya kurefusha sauti. Ukiikanyaga moja kwa moja, besi ya zamani inaendelea kulia chini ya besi mpya. Inua mguu papo hapo unapogonga besi mpya, kisha ukanyage tena huku kidole bado kimeshikilia kibonyezo. Pili, wimbo umeandikwa kwa piano ya vibonyezo 88. Noti za chini zikikosa nafasi, usipandishe mkono wote wa kushoto, maana utagongana na wa kulia. Pandisha noti ya besi peke yake na uache ile inayoirudia. Na usikwepe flati zake tano (alama za kushusha noti) kwa kubadili ufunguo wa wimbo. Mkono wa kulia unakaa sana kwenye vibonyezo vyeusi, na ukishazoea utaona vidole vimelala vizuri hapo kuliko kwenye vyeupe.