Tochi ya gesi si tochi: majibu kwa wanaotaka kuagiza

Maswali ya tochi za gesi yamefurika mwezi huu. Nazungumzia kile kifaa cha mkononi chenye mwali wa buluu, anachotumia fundi friji kuunga bomba la shaba, sonara kuyeyusha dhahabu na fundi wa paa kubandika karatasi ya lami. Nimechagua maswali yenye faida kwa wengi. Aliyeuliza ovyo nimemwambia.

Shikamoo. Ushuru wa tochi ni asilimia ngapi? (Mfanyabiashara, Kariakoo)

Marahaba. Tochi ipi? Kila wiki naletewa swali hili, na kila wiki namrudishia mwulizaji swali hilohilo.

Kwenye kitabu cha ushuru cha Afrika Mashariki, tochi ya kumulika iko 8513. Tochi ya gesi inayobeba mafuta yake yenyewe, iwe ya tangi dogo au ya kufungwa kopo, kwa kawaida huangukia 8205.60 pamoja na zana za mkono. Ile ndefu ya mafundi wa paa, inayolishwa kwa mpira kutoka mtungini, huwa 8468.10 pamoja na vifaa vya kulehemu kwa gesi. Kiberiti kirefu cha kuwashia jiko ni 9613. Gesi yenyewe ni 2711, ila makopo ya kujazia viberiti yasiyozidi sentimita za ujazo 300 yana namba yake, 3606. Sokoni vyote hivi mnaviita tochi na gesi ya tochi, halafu mnashangaa mwenzako amelipa tofauti na wewe.

Tangu Julai 2022 ushuru wa pamoja una ngazi nne, 0, 10, 25 na 35, ukiacha bidhaa nyeti. Chukua mzigo ambao thamani yake pamoja na nauli na bima ni shilingi 10,000,000. Ukiwa ngazi ya 10, ushuru ni 1,000,000, na VAT ya asilimia 18 inapigwa juu ya 11,000,000, yaani 1,980,000. Mzigo huohuo ukiwa ngazi ya 25, ushuru ni 2,500,000 na VAT 2,250,000. Tofauti ni 1,770,000 kabla hujagusa tozo nyingine za forodha. Faida yako yote inaweza kuishia hapo.

Penye ubishi zaidi ni kichwa kitupu cha tochi, kinachokuja bila kopo, maana maofisa wawili wanaweza kukiweka sehemu mbili. Omba TRA uamuzi wa awali wa uainishaji, kwa maandishi, mzigo ukiwa bado kiwandani. Ambatanisha picha na maelezo ya kiufundi ya kiwanda. Wanaofanya hivyo ni wachache mno, na wasiofanya ndio wanaonipigia simu kontena likiwa limekwama na siku za kuhifadhi zinahesabiwa.

Wakala wa mizigo Guangzhou ananiambia tuandike "taa za mkononi" ili mzigo wangu uingie kwenye kontena la kuchanganya bila maswali. Kuna ubaya? (Msomaji, Mbagala)

Ubaya upo, na ni mkubwa. Neno letu "tochi" limewarahisishia watu uongo huu: mtu anaandika tochi, msomaji wa karatasi anaelewa ya betri, na ndani ya boksi kuna makopo ya gesi.

Kopo la gesi ni mzigo hatari wa daraja 2.1, gesi inayowaka. Makopo yasiyo na kifaa cha kutolea gesi yana namba ya Umoja wa Mataifa UN 2037, vifaa vidogo vinavyokuja na gesi ndani ni UN 3150, viberiti ni UN 1057. Namba hizi ndizo zinazomwambia nahodha kontena likae wapi melini, mbali na joto na mbali na nini. Ukiandika taa, kontena lako linaweza kupangwa mahali popote, na makopo 2,000 yakasafiri katikati ya nguo na vipodozi vya watu wengine arobaini ambao hawajui wamelala na nini. Moto ukiwaka huko baharini, mabaharia wanaomwaga maji hawajui wanapambana na gesi. Hao ni watu, wana watoto nyumbani. Mimi sikubali kabisa kwamba hili ni janja ya biashara.

Kisheria nako hakuna kona. Kifungu cha 203 cha Sheria ya Forodha ya Afrika Mashariki ya 2004 kinagusa tamko la uongo: kifungo kisichozidi miaka 3, au faini isiyozidi dola 10,000. Jina kwenye tamko ni lako wewe mwagizaji. Wakala wa Guangzhou hatakuwepo.

Leta vichwa vitupu kwa kontena la kawaida, na makopo yaje peke yake kwa njia yake, na karatasi za usalama za gesi zikiwemo. Kama huwezi kumudu gharama ya mzigo hatari, nunua makopo hapa kwa mwagizaji aliyelipia gharama hiyo.

Nikitoka China naweza kubeba tochi kumi kwenye begi la ndege? (Msomaji, Arusha)

Vichwa vipya visivyowahi kuguswa na gesi, weka kwenye begi la chini na uulize shirika lako kabla. Kopo la gesi, hapana, kwenye begi lolote. Kiberiti chenye mwali wa buluu, hapana.

Nimeleta vichwa 500 vya bei nzuri sana lakini wateja wanasema haviingii kwenye makopo yaliyopo sokoni. Nifanyeje? (Muuza vifaa, Mwanza)

Pole sana. Kwa vichwa hivyo 500 tafuta kiwanda kinachouza viunganishi vya kubadilisha mdomo, ujaribu vichache kwanza. Kwa wengine wote, someni hapa kabla ya kutuma hela, maana bei ya kichwa ndiyo mnayoiangalia wakati pesa zinapotelea kwenye maungio.

Kopo refu la gramu 220 hadi 250, lile la majiko ya kubebeka, halina nyuzi. Kichwa kinashikizwa kwa kuzungushwa kidogo kwenye pengo la ukingo wake. Kopo fupi pana la wapanda milima lina nyuzi, na ubora wake unafuata kiwango cha Ulaya EN 417. Mtungi mwembamba wa Kimarekani, ule wa njano au wa buluu, una nyuzi za inchi moja zinazoitwa CGA 600. Halafu kuna kopo la kutoboa, lisilo na vali: ukilitoboa kwa kichwa chake, hupaswi kulitoa mpaka gesi iishe, na mtu akilifungua katikati gesi yote inamwagika mkononi mwake. Hilo la mwisho msiliagize. Mafundi wetu wanashirikiana kopo moja watu watatu, na kulifungua katikati ni jambo la kila siku.

Mdomo ukishafaa, bado kuna pete ya mpira. Mwaka 2013 nilileta vichwa 300 kutoka kiwanda kimoja cha mkoa wa Zhejiang. Sampuli ilikuwa safi, nikaichezea wiki mbili. Mzigo ulipofika, kwa macho ulikuwa uleule. Miezi miwili baadaye vikaanza kurudi, kimoja kimoja, vinavuja. Kiwanda kilikuwa kimebadili pete, kikaweka mpira wa kawaida ambao butani inauvimbisha na kuulainisha. Fundi mmoja wa Keko akaungua vidole na nyusi. Nilienda kumwona na sijamsahau mpaka leo, na nilirudisha pesa kwa kila aliyeleta kichwa, hata asiye na risiti. Tangu hapo, kwenye oda yangu naandika pete ziwe za nitraili, mpira unaostahimili butani, naandika na unene wake, na sampuli moja iliyotiwa sahihi inabaki kwangu. Malipo ya mwisho yanatoka baada ya mtu wangu kufungua maboksi matano ya kubahatisha na kulinganisha pete, siyo rangi ya boksi.

Je, ni kweli makopo yakiisha yanaweza kujazwa kutoka mtungi wa jikoni? Kuna kijana anauza kifaa chake. (Wasomaji wanne, kwa maneno tofauti)

Hapana. Nimelijibu hili mara nyingi, na bado kifaa hicho kinaagizwa kwa maelfu.

Makopo mengi yametengenezwa kwa butani. Kwenye joto la nyuzi 30 butani inasukuma kuta za kopo kwa takriban bar 3. Propani, kwa joto hilohilo, inasukuma kwa karibu bar 11. Gesi yetu ya kupikia ni mchanganyiko wa hizo mbili, na kipimo cha mchanganyiko hukijui. Bati jembamba lililopigwa kwa ajili ya safari moja linajazwa kitu kikali zaidi, kwa macho, bila mizani, na jua la Dodoma linasubiri nje. Kopo likijaa kimiminika hadi juu, joto likipanda kidogo tu hakuna nafasi ya kutanukia. Linapasuka.

Mwagizaji anayeleta kifaa hicho anajua kinatumikaje. Acha kukileta.

Kopo la njano lililoandikwa MAPP lina moto mkali kuliko butani. Ni ile ya zamani kweli? (Fundi friji, Morogoro)

Siyo ile. MAPP halisi, gesi ya kuungia metali, iliacha kutengenezwa Amerika ya Kaskazini mwaka 2008. Kilichomo kwenye mitungi ya njano siku hizi ni propilini hasa, na bado ni gesi nzuri kwa shaba. Usilipe zaidi kwa sababu ya jina tu. Kwa bomba la robo inchi la friji ya nyumbani, tochi nzuri ya butani inatosha. Kwa mabomba manene ya kiyoyozi utakesha.

Hujaniuliza hili, fundi, lakini nakuomba usome kibandiko cha kompresa kabla ya kuwasha. Friji nyingi mpya zina R600a, ambayo ni isobutani, na baadhi ya mashine zina R290, ambayo ni propani. Ukipeleka mwali kwenye bomba lililobaki na gesi hiyo, unachoma gesi iliyo ndani ya friji, ukiwa umeinama juu yake. Toa gesi nje penye hewa, pitisha naitrojeni, kata bomba kwa kikata mabomba, moto uje mwisho. Waagizaji nao wakitia karatasi ya Kiswahili yenye mistari hiyo ndani ya kila boksi, haitawafilisi.

Nikishusha mzigo bandari ya Malindi, Unguja, kisha nikavusha kuja Dar, si nitaokoa? (Msomaji, Temeke)

VAT ya Zanzibar ni asilimia 15, na hapo ndipo hesabu yako ilipoanzia. Ukivusha kwenda Bara utadaiwa tofauti ya kodi, utalipa boti, wapagazi na siku zako. Na makopo ya gesi kwenye boti ya abiria usithubutu. Ukiuza Zanzibar, leta Zanzibar na ufuate ZBS, shirika la viwango la huko.

Cheti cha ukaguzi nilichopewa kwa ajili ya KEBS kitakubalika TBS? (Mwagizaji, Mombasa)

Hapana. KEBS ni shirika la viwango la Kenya, TBS ni la Tanzania, na cheti cha ukaguzi kabla ya kusafirisha hutolewa kwa nchi mzigo unakokwenda. Mwambie mkaguzi huko China nchi ya mwisho ni ipi kabla hajaanza kazi.

Habari kaka. Nauza supu ya makongoro na vichwa vya mbuzi, nataka tochi ya kuunguzia manyoya. Mnazo za bei rahisi? (Mama lishe, Moshi)

Nzuri dada. Hapa siuzi, najibu maswali tu. Kwa kazi yako usichukue kichwa kidogo cha kopo, utamaliza makopo mawili kwa siku moja. Chukua tochi ya mpira inayofungwa kwenye mtungi, na mpira uwe wa gesi, usiwe wa maji. Dai regulata inayofaa tochi hiyo, maana ile ya jiko la nyumbani haitoi msukumo wa kutosha, na kufunga bila regulata ni kujitafutia hospitali. Kila asubuhi paka povu la sabuni kwenye maungio. Likichemka mapovu, usiwashe. Mtungi uwe mbali na jiko la kuni, nawe uunguzie nje, siyo chini ya turubai.

Stoo yangu iko ghorofa ya chini kabisa, haina madirisha, lakini ni baridi. Inafaa kwa makopo? (Muuza jumla, Kariakoo)

Haifai. Butani na propani ni nzito kuliko hewa, zikivuja zinashuka na kutulia sakafuni, na chumba cha chini kisicho na dirisha ni bakuli la kuzikusanya. Swichi moja ya taa inatosha. Wote tuliokuwepo Kariakoo Julai 2021 tuliona moto unavyokula soko kwa usiku mmoja. Hamisha makopo wiki hii, uende Jeshi la Zimamoto na Uokoaji wakague mahali pengine utakapopapata, na juu ya stoo yako usikubali kulala mlinzi mpaka uwe umemaliza.

Nina laki sita, nataka kuanza kuagiza tochi za gesi. Nianze na kiwanda gani? (Kijana, Dodoma)

Usianze na kiwanda, mdogo wangu. Laki sita ikishalipa nauli na kodi inakuachia boksi moja ambalo hulijui.

Nunua vichwa sita kwa waagizaji watatu tofauti hapa nchini, vya bei ya chini na vya bei ya juu. Funga kila kimoja kwenye kopo, kifunge vali, kipake povu na usubiri dakika kumi. Wape mafundi friji sita wanaofanya kazi kila siku, bure, kwa sharti moja: wakurudishie baada ya miezi mitatu hata kikiwa kimekufa. Vikirudi, vifungue. Tazama pete, tazama tundu la nozeli kama limeziba, tazama nyuzi kama zimelika, jaribu kiwashio. Andika ni kipi kilikufa na kwa nini. Karatasi hiyo ndiyo utakayompelekea mtu wa kiwanda, na bei mtaizungumza akishakujibu yaliyoandikwa humo.