Kwako Unayetaka Kuthibitisha Kwamba Fahamu Huzaliwa na Wakati

Ukianza kusoma habari za fahamu, kuna wazo litakalokujia mapema na kukung'ang'ania: kwamba fahamu haitoki kwenye ubongo, inatoka kwenye wakati wenyewe. Wakati unapita, na huko kupita ndiko kuhisi. Mimi lilinishika nikiwa mwaka wa kwanza, nikalijengea nadharia nzima, na mpaka leo nalipenda. Sikuandikii ili kukukataza. Nataka nikuonyeshe mahali pa kuligonga, usikie linavyolia.

Nadharia yangu ilikuwa na mlinganyo. F ni fahamu, t ni wakati, katikati namba isiyobadilika niliyoipa herufi ya Kigiriki. Mwalimu wangu aliusoma, akaweka kidole juu ya F, akauliza, "Hii unaipima kwa nini?" Ile t ina kipimo: tangu 1967 sekunde ni muda wa mitetemo 9,192,631,770 ya mnururisho wa atomu ya sesiamu. F yangu haikuwa na chochote. Basi jizuie kuandika mlinganyo mpaka ujue kila herufi inapimwaje. Kabla ya hapo andika sentensi za kawaida, zitakubana zaidi.

Halafu lipeleke wazo lako chumba cha upasuaji. Mgonjwa aliyepewa nusukaputi analala kwa muda wa saa tatu, saa ya ukutani inakwenda, moyo unadunda, damu inazunguka. Akizinduka, mara nyingi huona kana kwamba amefumba macho na kufumbua. Wakati ulikuwepo wote, haukupungua hata sekunde moja. Fahamu ndiyo haikuwepo. Kwa hiyo wakati peke yake hautoshi, na nadharia yoyote inayosema unatosha ijibu swali la mgonjwa huyu kwanza.

Kinachokosekana ni nini? Hapa ndipo ninapotaka ukae muda mrefu. William James, mwanasaikolojia wa Marekani, aliandika mwaka 1890 kwamba hisia kufuatana ni jambo moja, na kuhisi kwamba zinafuatana ni jambo jingine. Mimi sikumwelewa mpaka nilipojaribu kwa neno. Litamke polepole: ha-tu-ku-mwa-mbi-a. Ukifika kwenye "a" ya mwisho, ile "ha" imeshapotea hewani. Lakini ukanushi haujapotea. Bado unasikia kwamba hatukumwambia. Na uliposikia "ha" peke yake, sikio lako lilikuwa tayari limeegemea mbele: labda ni "hapana", labda ni "habari". Kila silabi inabeba iliyopita na kuingojea ijayo. Mwanafalsafa Edmund Husserl, katika mihadhara yake ya mwaka 1905, alieleza jambo hilihili kwa mfano wa muziki: tungekuwa tunasikia noti moja moja tu, kusingekuwa na wimbo.

Ukiyashika hayo, wazo lako linabadilika sura, na naona linakuwa bora. Hutasema tena kwamba fahamu huzaliwa na wakati. Utauliza ni kitu gani kinachoshika kilichopita punde pamoja na kilichopo sasa. Hilo linachunguzika. Mwaka 1983 mtafiti wa ubongo Josef Zihl na wenzake walieleza habari za mwanamke ambaye baada ya kuumia sehemu ya ubongo hakuweza kuona mwendo. Akimimina chai, aliiona imesimama kama barafu, na hakujua kikombe kinajaa lini. Rangi aliziona, vitu alivitambua. Kilichovunjika ni ule uunganisho wa punde na sasa, tena katika kuona tu. Kwa hiyo usiutupe ubongo haraka.

Tenganisha pia wakati wa mwili na wakati unaohisiwa. Julai 1962 Mfaransa Michel Siffre alishuka kwenye pango milimani Alps bila saa, akakaa peke yake gizani. Alipotolewa tarehe 14 Septemba, aliamini ni 20 Agosti. Mwili wake ulikuwa umeendelea kulala na kuamka kwa mzunguko unaokaribia saa 24. Ni hesabu yake mwenyewe ya siku iliyopotea. Huyu ni mtu mmoja mwenye nyakati mbili ndani yake, nawe ukiandika "wakati" bila kusema upi, msomaji makini atakuacha hapo hapo.

Akiwa pangoni alikuwa akiwapigia simu wenzake walio juu na kuhesabu 1 mpaka 120, namba moja kila sekunde. Ilimchukua kama dakika 5. Kabla hujaandika ukurasa mwingine wa nadharia yako, fumba macho uhesabu hivyo, mwenzako akiwa ameshika saa. Fanya asubuhi, fanya ukiwa umechoka, fanya ukiwa na hofu ya mtihani. Andika tofauti kwa sekunde. Hiyo itakuwa namba yako ya kwanza iliyopimwa kweli.