Maswali Yenu: Kitabu cha Uchawi wa Sauti Ndani ya Riwaya

SWALI: Ndugu wahariri, ninaandika riwaya ya fantasia ambayo uchawi wake hufanywa kwa sauti. Wahusika wananukuu kitabu cha mwanazuoni wa kale, nimekiita Ngazi za Sauti. Tatizo ni kwamba kila nikiandika kurasa za kitabu hicho zinatoka kama mahubiri: "sauti ni uhai wa ulimwengu" na kadhalika. Nifanyeje zisomeke kama kazi ya msomi?
Msomaji, Tanga

JIBU: Mnyang'anye msomi wako ufasaha, umpe rula na mizani. Badala ya kusifu sauti, aseme: chukua waya wa shaba, ufunge ncha moja kwenye msumari, upitishe juu ya kigingi, ncha ya pili uning'inize jiwe. Kisha atoe kanuni mbili ambazo ni za kweli hata katika ulimwengu wetu. Ya kwanza: ukiubana waya katikati, nusu yake hulia oktavu moja juu, yaani noti ileile kwa sauti nyembamba zaidi. Ya pili: ukitaka oktavu hiyohiyo bila kugusa urefu, uzito lazima uwe mara nne. Jiwe la kilo 1 linadai la kilo 4. Anayetundika la kilo 2 hupata sauti inayokwaruzana na ile ya kwanza, hata sikio lisilosoma muziki linakunja uso.

Hapo kwenye mara nne na mara mbili ndipo pa kupanda kosa, maana kitabu cha kisomi kisicho na kosa hakiaminiki. Ulaya walikuwa na ngano kwamba Pythagoras, mwanafalsafa wa Ugiriki ya kale, alipita kwa wahunzi akasikia nyundo zenye uzito wa 12, 9, 8 na 6 zikipatana, ile ya 12 na ya 6 zikiachana kwa oktavu. Si kweli kwa nyundo, wala kwa nyuzi zilizotundikwa mizigo ya namna hiyo. Hata hivyo wanazuoni waliinakili kwa zaidi ya miaka 1,000, hadi karne ya 16 Vincenzo Galilei, baba yake mwanasayansi Galileo na mpigaji wa lute (ala iliyozaliwa na udi wetu wa taarabu), alipoamua kupima mwenyewe.

Basi kwenye kanuni ya pili mpe mwanazuoni wako kosa alilorithi kwa walimu wake: aandike mara mbili badala ya mara nne. Halafu pembeni mwa ukurasa, kwa mkono wa mtu aliyekuja baadaye, weka hashiya fupi: "Nimetundika uzito mara mbili. Mlango haukufunguka." Mstari huo mmoja utafanya kazi kuliko dibaji ya kurasa kumi.

SWALI: Ninataka madhehebu mawili ya wachawi wagombane kwa hoja za kitaalamu. Kwa sasa wanatukanana tu.
Msomaji, Mombasa

JIBU: Wapandishe mlimani. Upande mmoja wawe watu wa filimbi, wa pili watu wa zeze la waya. Sauti husafiri takriban mita 349 kwa sekunde hewa ikiwa nyuzijoto 30, na mita 334 hivi ikiwa nyuzijoto 5. Filimbi iliyochongwa na kupimwa pwani itashuka karibu robo tatu ya nusu toni huko juu, na nusu toni ni hatua ya kutoka kibonye cheupe cha kinanda hadi cheusi kilicho jirani. Waya nao hufanya kinyume: baridi huufupisha, unakazika, sauti inapanda. Kila upande utaapa kwamba ala yake haikubadilika na ya mwenzake ndiyo iliyoharibika, na kila mmoja atakuwa na vipimo mkononi.

Usisahau pumzi. Mpigaji huipasha filimbi kwa kuipuliza, kwa hiyo upungufu ni mkubwa mwanzoni na hupungua kadiri anavyoendelea. Uchawi wa haraka ndio utakaoharibika.

SWALI: Kitabu changu kinahitaji michoro ya hirizi. Niibuni tu?
Msomaji, Morogoro

JIBU: Usiibuni, ichoreshe sauti yenyewe. Mjerumani Ernst Chladni alieleza njia hiyo mwaka 1787. Kaza bamba la shaba la mraba juu ya kigingi kwa skrubu moja ya katikati. Nyunyiza mchanga laini, mkavu. Pitisha upinde wa fidla uliopakwa ulimbo kwenye ukingo. Mchanga hukimbia panapotetemeka na kujikusanya palipotulia. Ukigusa katikati ya upande mmoja kwa kidole na kupitisha upinde kwenye pembe, utapata msalaba ulionyooka. Gusa pembe, upinde upite katikati ya upande: mistari inatoka pembe hadi pembe, na sauti ni ya juu zaidi.

Makosa ni yaleyale kila mara. Mchanga mwingi hufunika mistari, wenye unyevu hung'ang'ania bamba, na vidole vingi huiua sauti. Mwanafunzi wa uchawi akikosea hirizi, sababu iwe mojawapo ya hizo.

SWALI: Mhusika wangu anabomoa ukuta wa mawe kwa kuimba. Rafiki zangu wamecheka.
Msomaji, Nairobi

JIBU: Wana haki. Ligonge kwa kucha bilauri jembamba la kioo, utasikia likilia. Sauti kali sana ya kiwango hichohicho, ikishikiliwa karibu nalo kwa sekunde kadhaa, inaweza kulivunja. Gonga ukuta: dup, basi. Mawe na chokaa humeza mtetemo kabla haujajikusanya. Hamisha wimbo kwenye kitu kinacholia, kwa mfano kengele ya mlinzi, na ukuta uachie watu wenye mitaimbo.