Jibu: filamu ya Siula Grande na mpandaji wa Nyiragongo

Ndugu uliyeuliza kama Touching the Void (2003) ina la kumfaa mtu wa Goma anayetaka kupanda Nyiragongo, volkano iliyo juu ya mji wetu hapa Kongo: lipo, ila si lile la mpandaji kukata kamba iliyomshikilia mwenzake, ambalo kila mtu hubishania.

Mwaka 1985 Joe Simpson na Simon Yates walifika kilele cha Siula Grande, Peru, mita 6,344. Wakati wa kushuka gesi ya jiko ikawaishia. Kule maji yote ni barafu, na kuyeyusha kilo moja tu kunakula joto karibu sawa na la kupasha lita moja ya maji kutoka sifuri hadi digrii 80. Bila gesi hakuna cha kunywa, na bila cha kunywa huwezi kujibanza ukangoja dhoruba ipite. Ndiyo maana waliendelea kushuka gizani, Simpson keshavunjika mguu na Yates akimshusha kwa kamba. Kwangu mimi, balaa lilianzia kwenye mtungi wa gesi.

Kamba zilikuwa mbili za mita 45, zimeungwa kwa fundo. Fundo halipiti kwenye kifaa cha kushushia, hivyo kila lilipofika Simpson alisimama kwa mguu mzima, kamba ilegee, Yates alivushe. Aliponing'inia nje ya jabali hakuwa na pa kukanyaga, mpango ukafa. Ilibaki kupanda kwa vitanzi vya prusiki: ugwe mwembamba unaozungushwa mara tatu kwenye kamba nene, ukabana ukiulemea. Vinatakiwa viwili, na vidole vilivyoganda vikaangusha kimoja. Kitanzi hufungwa kwanza kwenye mkanda wa kiunoni, ndipo kinashikwa kwa kazi.

Nyiragongo haitaki kamba. Kiu na baridi ndivyo vya kuogopa. Ukingo wa kreta uko mita 3,470, karibu 2,000 juu ya mji. Hesabu digrii 13 chini ya Goma, upepo bado. Mvua ni nyingi lakini mawe ya lava huimeza yote, kwa hiyo beba lita 4 kwa kila mtu ukilala usiku mmoja, tena katika chupa kadhaa, maana bidoni moja likitoboka umekwisha. Jinzi na fulana za pamba ziache nyumbani: zikilowa hazikauki. Sweta za sufu zimejaa kwenye mitumba. Moja ikae kavu ndani ya mfuko wa plastiki mpaka ufike juu, usiivae ukiwa bado unatoka jasho.

Mbabula, yaani jiko la mkaa, isiingizwe kibandani hata mvua ikinyesha vipi. Mkaa hutoa hewa ya sumu isiyo na harufu, na mlango huwa umefungwa kwa baridi.

Mazuku, yaani hewa ya kaboni dioksidi inayotoka ardhini penye volkano na kuua, wenyeji tunayajua, lakini waambieni wageni: hewa hiyo ni nzito, hutuama mabondeni, hasa alfajiri kusipovuma upepo. Hema lipigwe mwinukoni.