Barua kwa mwanangu: huo mkungu msiukate

Mwanangu, salaam aleikum. Picha ya ukuta nimeiona. Umeuliza, baba tuukate huo mti wa mkungu ama tuwashe taa usiku kucha popo wahame, manake rangi mmepaka juzi tu na sa hizi upande wote una madoa. Nilikaa na simu mkononi muda kabla sijajibu, hilo swali limenigusa.

Hebu toka na tochi uangalie doa moja kwa karibu, usiguse. Utaona kama uji wa njano na ndani yake vipunje vidogo kuliko ufuta. Hizo ni mbegu za kuyu, tunda la mkuyu. Popo akila kuyu anatafuna, anafyonza maji, makapi anayatema, zile mbegu ndogo anazimeza na mara nyingi saa haiishi zishatoka, tena anazitoa akiwa anaruka. Hapo ndo penyewe mwanangu, ndege wengi wanatua kwanza mtini ndo wadondoshe, kwa hivo mbegu zinarundikana palepale penye miti, lakini popo anakata shamba tupu gizani anamwaga njiani, pale ambapo mti haupo.

Ile miaka niliyokuwa nafunga nyavu na watafiti pembeni ya msitu wa Arabuko-Sokoke nimeyaona haya kwa macho yangu. Wavu mwembamba kama unywele, tunautega jua likizama, afu kila baada ya dakika chache lazima uupitie, popo akining'inia sana anaumia. Unavaa glavu unamfungua polepole, kidole baada ya kidole, manake ule ubawa ni mkono, una vidole kama wako, na yale macho makubwa yanakutazama tu. Unamtia kwenye mfuko wa kitambaa kwa muda mchache, ukimwachia aende, mfukoni zimebaki mbegu, na hizo ndo tulikuwa tunazitafuta. Mtafiti wetu alikuwa akituhadithia Amerika ya Kati, kuna popo mdogo anaitwa Carollia, chakula chake kikubwa ni matunda ya mimea ya ukoo wa pilipili manga, na ndo anayoirudisha penye msitu uliofyekwa.

Unakumbuka nilivyokupeleka kwenye magofu ya Gede ukiwa mdogo, ukaniuliza nani kapanda mti juu ya ukuta wa msikiti? Nilikujibu Mungu, na ni kweli, lakini mikono aliyoitumia ni hao ndege na popo. Na mbuyu pia, ua lake linafunguka magharibi, jeupe, kubwa, linanuka, kesho yake lishaanguka, kwa hivo anayeliwahi usiku ndo anayebeba chavua, na huku kwetu popo ni wa kwanza kwenye kazi hiyo.

Sikufichi, popo hachagui, na huu mwarobaini uliotoka bara Hindi naye anausambaza. Na hofu ya magonjwa uliyoitaja ina msingi, popo wa mapangoni anaweza kubeba virusi vya Marburg, homa kali inayoua, kwa hivo wajukuu wangu wasiguse popo hata aliyekufa, wasiingie pangoni, na kungu lililotobolewa meno wasilile kabisa. Waambie leo.

Taa zizimeni. Huyo anayelia usiku kama kikengele na kukukosesha usingizi ni dume, ana manyoya meupe mabegani, anaita majike. Ukuta usugueni na maji ya sabuni mapema, vaeni glavu, msiache mbegu ziingie kwenye ufa maana kuyu ikishaota ukutani kuing'oa ni kazi. Lile tawi lililoegemea paa ndo mkate, hilo tu, lakini fundi aningoje Jumamosi, nataka nilikague kwanza nione kama hakuna mama mwenye kichanga kifuani, wao huzaa mmoja mmoja.

Baba yako, Malindi.